Akina Omar Salim

Kumbe dunia ina akina Omar Salim wengi kiasi hiki! Mwongeli aliinamia kioo cha kompyuta akasoma majina yaliyojipanga toka juu hadi chini, yote jina lile lile, na moyo wake uliokuwa umepanda kwa matumaini tangu asubuhi ukaanza kushuka. Omar Salim wa Toronto. Omar Salim wa Durban. Omar Salim wa Leicester, tena wawili. Omar Salim wa Trinidad, mahali ambapo hakujua kama ni nchi au ni mji. Alipofika chini kabisa, Jared akamwonyesha mahali pa kubonyeza, na ukurasa mwingine ukaanza kufunguka kwa mwendo wa konokono, nao umejaa akina Omar.

"Haki ya Mungu," Mwongeli akasema. "Hawa wote?"

"Si nilikuambia hiyo jina ni ya watu wengi," Jared akajibu. "Ungekuwa unatafuta mtu anaitwa Mwongeli, huyo tungempata saa hii. Lakini Omar Salim! Ni kama uende pale stage ya Thika uite Kamau. Nani hatageuka?"

Jared ndiye aliyekuwa mwenye ile saiba, chumba kimoja cha kompyuta za kukodi juu ya duka la mbegu na dawa za mifugo katikati ya mji. Mwaka huo wa tisini na tisa intaneti ilikuwa ndiyo kwanza inaingia Thika, na watu walipanda ngazi zake kwa adabu kama wanaoingia benki. Mvua ikizidi laini ya simu hukatika, na Julai ile manyunyu hayakuwa na likizo. Baridi ilikuwa imekaa juu ya mji tangu mwezi uanze, na jua lilikuwa jambo la kuhadithiwa.

Mwongeli alikuwa akipiga chapa katika ofisi ya wakili mtaa wa pili. Saa yake ya chakula cha mchana alikuja kuila hapa, bila chakula. Usimcheke. Mwanamke wa miaka ishirini na minane anayetafuta mwanamume mmoja katika dunia nzima hana hamu ya chapati.

"Sasa tutafanyaje?" aliuliza.

"Tunawaandikia wote. Barua moja, tunaituma kwa kila mwenye ana anwani. Wako atajibu." Jared akamsogezea kibodi. "Andika."

Mwongeli aliandika kwa Kiingereza, maana hakujua ni Omar yupi aliyezaliwa wapi. Aliandika hivi: Naitwa Mwongeli, wa Thika, Kenya. Namtafuta Omar Salim aliyeondoka hapa mwaka wa tisini na tano. Kama ndiye wewe, tafadhali nijibu upesi. Kama siye, niwie radhi.

Jared alisoma juu ya bega lake akakunja uso. "Ndiyo hiyo tu? Si uweke kitu ya kumkumbusha, madam. Mlikutana wapi, mliachana aje."

"Mambo ya kwetu nianikie watu siwajui? Kama ni yeye, jina langu linatosha. Kama si yeye, hana haja ya kujua zaidi."

"Na hii 'upesi' ni ya nini?"

Mwongeli akamrudishia kibodi. Angemwambiaje kwamba Jumamosi ijayo mbuzi wa mwanamume mwingine wanakuja kwao?

Omar Salim alikuwa fundi wa redio pale Majengo. Walikutana siku Mwongeli alipompelekea redio ya baba yake iliyokuwa inakoroma, na ile redio ikaharibika tena wiki iliyofuata, na iliyofuata, mpaka mama yake akauliza kama redio hiyo imelogwa. Haikulogwa. Mwongeli ndiye aliyekuwa akiifungua nyuma na kuchomoa waya. Walipendana miaka miwili, mapenzi ya kuvizia, yeye binti wa mzee wa kanisa kutoka Ngoliba, mwenzake kijana wa msikiti. Mwishowe Omar akasema yeye si mwizi, ataingia kwa mlango. Akauliza Wakamba huoana vipi, akaambiwa kuna ntheo: unapeleka mbuzi kwa kina msichana, wakichinjwa na kuliwa pale nyumbani, msichana ni mke wako, na hakuna wa kubisha. Wasipochinjwa, hata ukikaa naye mpaka mzeeke, si wako.

Omar akanunua mbuzi. Akaja na mjomba wake, Mzee Tahir, na wazee wengine wawili wa Majengo, wamevaa kanzu zilizopigwa pasi. Mzee Kaleli, baba yake Mwongeli, akawapokea vizuri kuliko ilivyotarajiwa. Chai ikanywewa. Yote yalikwenda sawa mpaka kisu kilipotolewa.

Mzee Tahir aliomba mmoja wao ndiye achinje, ili na wao waweze kula. Mzee Kaleli akasema katika boma lake mbuzi wa ntheo huchinjwa na mwenye binti, hivyo ndivyo baba yake alivyofanya. Mzee Tahir akasema kwa upole kwamba nyama hiyo basi hawataionja. Mzee Kaleli akauliza, ukwe gani huo wa watu wasioonja nyama yake? Maneno yakaenda, yakarudi, yakaenda tena, kila mzee akiwa mwungwana na kila mzee akiwa jiwe. Hakuna aliyetukana mtu. Pengine wangetukanana ingekuwa nafuu, maana matusi huombewa msamaha. Jioni mbuzi wakapakiwa kwenye pikapu wakarudi Majengo wazima, na Mwongeli akabaki amesimama mlangoni na sufuria tupu mkononi.

"Nitaleta wengine," Omar alimwambia siku ya mwisho, kabla ya kusafiri kwenda Uingereza kwa binamu yake. "Nikirudi nitakuwa na la kumwambia baba yako. Kisu tutakiongea. Wewe nisubiri tu."

Akamsubiri. Barua zilikuja mwaka wa kwanza, zikapungua wa pili, zikakoma. Mama yake Omar alipofariki, jamaa zake walihama Majengo wakaenda Pwani, na hapakubaki mtu wa kuulizwa. Mwongeli hakujua kama Omar ni mzima au amekufa, kama amemsahau au amefungwa jela ya huko. Hilo la kutojua ndilo lililomtafuna kuliko yote.

Majibu ya akina Omar yalianza kuja Jumatatu. Mwongeli alipanda ngazi za Jared mbili mbili.

"Umepata tano!" Jared akampokea kwa furaha. "Keti. Huyu wa kwanza ni daktari wa meno."

Daktari wa meno wa Toronto alisema siye, ila atamwombea. Omar Salim wa Trinidad alikuwa babu wa miaka sabini na minane, akaeleza habari za mguu wake kwa kirefu kisha akaomba picha. Omar wa Durban alidhani anadaiwa akakana kila kitu. Mmoja wa Leicester alisema siye, kwa maneno mawili tu. Omar mwingine, ambaye hakusema yuko wapi, aliandika: Mimi siye, lakini naweza kuwa.

Jared alicheka hadi akashika meza. Mwongeli naye alicheka, na katikati ya kicheko akarudi kuyasoma majina. Wanaume wote hawa walikuwa wameitika jina la mpenzi wake, na hakuna hata mmoja aliyekuwa na sauti yake.

"Bado kuna wengine hawajajibu," Jared akasema, sasa kwa upole. "Usikate tamaa, sister."

Alhamisi jioni Musembi alimwomba waende mtaa wa Kimbo akaione nyumba aliyokuwa akiijenga.

Musembi alikuwa Mkamba mwenzake, fundi wa mashine za kusaga, mtu mzima mwenye maneno machache. Baba yake Mwongeli alimpenda tangu siku ya kwanza. Mama yake alimpenda kwa sababu alikula kila alichopakuliwa. Na Mwongeli? Mwongeli alimheshimu, na heshima haimfanyi mtu akose usingizi. Miezi minane Musembi alikuwa akiomba kumwoa, na miezi minane Mwongeli alikuwa akisema "tutaona", mpaka mama yake, Kavata, akamketisha jikoni akamwambia, "Mwiitu wakwa, binti yangu, mimi nilikuonea huruma miaka yote hii. Lakini huyo mtu wako hata kaburi lake hatulijui. Utasubiri nini?" Siku hiyo Mwongeli akanyamaza, na nyumbani kwao mwanamke akinyamaza huhesabiwa amekubali.

Nyumba ya Kimbo ilikuwa ya mawe, haijapigwa plasta, nyuma ya safu ya maduka. Matope yalikuwa hadi mlangoni. Musembi aliweka ubao ili apite bila kuharibu viatu, akamwonyesha jikoni.

"Dirisha nimeiweka upande huu," alisema. "Si ulisema hupendi kupika kama huoni nje."

"Nilisema lini?"

"Mwaka jana. Kwa ile harusi ya Benta."

Mwongeli hakukumbuka kabisa. Alitazama nje ya dirisha lile lisilo na kioo, akaona mvua, na kamba ya nguo ya jirani, na kuku wamejikunyata chini ya mkokoteni. Ilikuwa vibaya sana kupendwa vizuri na mtu usiyemtaka.

"Mwongeli," Musembi akasema nyuma yake. "Mimi si mtoto. Najua kuna mtu."

Akageuka. "Nani amekuambia?"

"Hakuna. Ukitembea na mimi, unaangaliaga watu kwa barabara. Sura zao. Kila mwanaume mrefu." Hakuwa na hasira. Alikuwa akifuta vumbi la saruji kwenye ukingo wa dirisha, taratibu, kama kazi hiyo ndiyo iliyomleta. "Sikuulizi ni nani. Nakuomba kitu moja tu. Kama jibu ni hapana, niambie kabla mbuzi wapande gari. Wakishafika kwa baba yako, na wachinjwe, mimi sitaweza kurudi nyuma. Na wewe pia hutaweza."

"Na nikikuambia sijui?"

"Basi tafuta ujue. Lakini Jumamosi ni kesho kutwa."

Mwongeli alitaka kumwambia pole. Aliona neno hilo ni dogo mno, akaliacha. Walirudi barabarani, yeye mbele juu ya ubao, Musembi nyuma yake kwenye matope.

Ijumaa saa sita na nusu alikuwa kwa Jared, amelowa mabega. Laini ya simu ilikuwa imekatika tangu asubuhi. Jared alikuwa anapiga, anakata, anapiga tena, na ile mashine yake inalia na kunyamaza.

"Hebu jaribu tena," Mwongeli akasema.

"Nimejaribu."

"Jaribu, Jared. Nakuomba."

Akajaribu. Mashine ikalia, ikanguruma, ikashika. Kulikuwa na jibu moja. Omar Salim wa Leicester, yule wa pili.

Barua ilikuwa ya Kiingereza safi, ya mtu aliyekaa na lugha hiyo. Ilisema hivi:

Kwa Mwongeli. Mimi siye Omar unayemtafuta. Nimezaliwa hapa na sijawahi kufika Kenya. Nina mke na binti mdogo. Naomba usiniandikie tena, ili nyumba yangu isiingiwe na maswali. Nakutakia kila la heri. Kama mbuzi wameshafika kwenu, mwachie baba yako kisu.

Mwongeli alisoma haraka, akahisi ule uchovu aliouzoea, Omar mwingine asiye Omar. Kisha macho yake yakarudi kwenye mstari wa mwisho. Yakasimama pale.

Jared naye alikuwa ameufikia. "Mbuzi? Mbuzi gani? Huyu naye amechanganya barua na ya mtu mwingine."

"Pengine," Mwongeli akasema.

Hakuwa ameandika neno mbuzi. Hakuwa amemtaja baba yake. Hata Jared hakujua habari za kisu. Mtu aliyezaliwa Leicester, asiyewahi kufika Kenya, angejuaje kwamba binti wa Kikamba huolewa kwa mbuzi? Angejuaje kwamba katika boma moja huko Ngoliba mapenzi yalivunjika kwa sababu ya nani ashike mpini?

Yu hai. Hilo ndilo lililomjia kwanza, na furaha ikampiga kifuani kwa nguvu hata akashika ukingo wa meza. Yu hai, ana afya, anakula, anasoma barua. Omar wake. Na furaha ile haikukaa hata dakika, maana nyuma yake yalifuata yale mengine, moja baada ya jingine. Ana mke. Ana binti. Ameliona jina la Mwongeli, akalitambua, akaketi akaandika kwa mkono wake: mimi siye.

Hasira zilimpanda. Si angenyamaza tu? Akina Omar wangapi hawakujibu kabisa, na nani aliwalaumu? Angekaa kimya, Mwongeli angeendelea kudhani amekufa, angemlilia kwa heshima. Lakini kadiri alivyoisoma barua ile ndivyo alivyoona kwamba Omar alikuwa amelijua hilo. Alijua Mwongeli asingemtafuta sasa, kwa upesi, kama hapangekuwa na mwanamume mwingine mlangoni. Alijua kimya kingemfunga. Kwa hiyo alimkana kwa sababu ya mke wake, kisha akaweka mstari mmoja kwa sababu ya Mwongeli, ili ajue ni nani anayemkana. Huo mstari ndio mapenzi yote aliyokuwa amebaki nayo.

"Tumjibu?" Jared akauliza.

Mwongeli akavuta kibodi. Akaandika: Asante, ndugu. Nimekosea mtu. Mbuzi ni kesho.

Aliyatazama maneno hayo muda mrefu. Nje mvua ilikuwa imeongezeka, na pale chini mtu alikuwa akibishana juu ya bei ya dawa ya kupe. Kidole chake kilikuwa juu ya kitufe cha kutuma. Alimfikiria mwanamke asiyemjua, huko Leicester, akipita nyuma ya mume wake na kuuliza, mbuzi gani? Akaanza kufuta, herufi moja moja kutoka mwisho, mpaka kioo kikabaki cheupe.

"Siye?" Jared akauliza.

"Siye."

"Pole, madam. Kuna ukurasa mwingine hatujafungua. Tuendelee?"

"Basi, Jared. Wametosha."

Alilia akishuka ngazi, akalia kwenye kona ya duka la mbegu akijifanya anafunga mwavuli. Kisha akarudi kazini, akapiga chapa mpaka saa kumi na moja, na wakili hakuona kosa hata moja.

Jumamosi haikunyesha, lakini jua nalo halikutoka. Wageni walifika Ngoliba wakiwa na mbuzi wao, na mbuzi wakafungwa kwenye nguzo ile ile ya ua walipofungwa wale wengine. Kavata alikuwa amevaa leso yake mpya. Wazee waliketi sebuleni, chai ikanywewa, na Musembi akawekwa kati ya wajomba zake, suti imembana mabega. Hakumtazama Mwongeli. Alikuwa akitazama mikono yake mwenyewe.

Mzee Kaleli akamwita bintiye asimame mbele ya watu. Ndivyo inavyofanywa. Hakuna mbuzi anayechinjwa kabla msichana hajaulizwa.

"Mwiitu wakwa, hawa wageni unawajua?"

"Nawajua, baba."

"Tule vitu vyao?"

Mwongeli akageuza macho mlangoni. Mjomba mmoja akakohoa. Nje mbuzi mmoja alilia, na sauti yake ilikuwa ile ile, kwa kuwa mbuzi wote hulia namna moja. Kwa kitambo Mwongeli alikuwa binti wa miaka ishirini na minne tena, na kanzu nyeupe zilikuwa zimeketi pale zilipoketi suti hizi. Kama angesema hapana sasa, hakuna ambaye angerudi kutoka Leicester. Hilo alilijua. Alikuwa na uhakika nalo, kwa maandishi, na uhakika ule ulikuwa mzito kuliko miaka yote ya kutojua.

Musembi akainua uso. Macho yake yalikuwa ya mtu aliyejiandaa kupokea lolote.

"Mwongeli," baba yake akasema, safari hii kwa sauti ya chini. "Nimekuuliza. Tuchinje?"

"Chinja, baba," akasema. "Kisu ni chako."

Mzee Kaleli akashtuka kidogo. Tangu siku ile hakuna mtu aliyewahi kutaja kisu katika nyumba hiyo, si mke wake, si watoto wake. Vigelegele vya kina mama vilikuwa vimeshaanza jikoni. Akamsogelea bintiye ili wengine wasisikie.

"Hayo maneno umepewa na nani?"

"Mtu mmoja tu, baba," Mwongeli akajibu, akijifuta macho kwa ncha ya leso. "Hatujuani."